KUNI ZA KUCHANJA: FAIDA ZAKE NA HADHARI ZAKE KATIKA MASHAMBA YETU

Na mwanachama mmoja wa Pemba

Aghlabu katika kurasa hizi tunazungumza juu ya bei, magunia, majamvi na ukavu wa karafuu. Leo nataka tuzungumze juu ya kitu ambacho kila mmoja wetu anacho shambani mwake na pengine hakihesabu kuwa ni mali, nacho ni kuni. Wala sikusudii vijiti vinavyookotwa njiani, bali kuni khasa, yaani gogo lililokatwa, likachanjwa kwa shoka, likapangwa mahali pake hata likakauka.

Huenda mmoja wenu akasema, "Habari ya kuni ni habari ya jikoni, waachiwe wanawake." Mimi nami nilikuwa nikisema hivyo. Maneno hayo yalinipotezea sehemu kubwa ya karafuu zangu katika msimu mmoja, na sioni haya kuyaeleza, maana aliyejikwaa mbele huwafaa walio nyuma.

YALIYONIFIKA MWAKA 2011

Nyote mnakumbuka jinsi bei ya karafuu ilivyopanda mwaka 2011. Kabla ya hapo tulikaa miaka mingi na bei ndogo. Indonesia, ambayo zamani ilikuwa mnunuzi wetu mkubwa kwa ajili ya sigara zao za karafuu, ilikwisha kupanda mikarafuu yake yenyewe, na tangu miaka ya 1980 soko letu likalegea. Katika miaka ya 1990 wako waliovunjika moyo hata wakaikata mikarafuu yao wakaifanya kuni na makaa. Basi bei iliporudi, kila mtu alianza kuutazama mti wake kwa jicho jingine.

Mimi nilikuwa nimerithi shamba la marehemu baba yangu. Tangu zamani wanawake wa mtaani kwetu walikuwa na ada ya kupita ndani ya shamba lile asubuhi kuokota kuni: matawi makavu, vipande vya miti iliyokufa, makumbi na makuti. Hapakuwa na hati wala mkataba. Ilikuwa ni desturi tu. Mwaka ule nikaingiwa na wasiwasi. Nikajiambia, leo ataokota ukuni, kesho ataokota karafuu. Nikaiziba njia kwa miba, na kila aliyekuja nikamrudisha.

Siku moja akaja jirani yetu mmoja, bibi mtu mzima, aliyenijua tangu nikibebwa mgongoni. Akaiona miba, akasimama.

"Hodi, mwanangu."

"Karibu, Bi Mkubwa. Shikamoo."

"Marahaba. Njia imekuwaje?"

"Nimeifunga, Bi Mkubwa. Siku hizi karafuu ni dhahabu, na watu ni wengi."

Akanitazama kitambo. "Karafuu ni zako, mwanangu, hapana anayebisha. Lakini ukuni mkavu ulioanguka wenyewe, baba yako alikuwa akitwambia, 'Uondoeni, mchwa asije akaupata.' Hukupata kumsikia?"

"Hayo yalikuwa ya zamani," nikamjibu.

"Haya," akasema. "Mungu akutilie baraka." Akageuka akenda zake, na kamba yake ya kufungia kuni mkononi.

Msimu ukaingia. Karafuu zilizaa vyema, na wachumaji wakaja. Lakini wale wanawake waliokuwa wakija kila mwaka kuwapikia wachumaji na kuchambua karafuu jioni, hakuja hata mmoja. Huyu ana mgeni, yule ana mtoto mgonjwa, yule kasafiri. Hapana aliyenitukana wala aliyeninunia. Walinipa udhuru kwa adabu, nami nikabaki na majamvi yangu.

Kuni zilikuwamo shambani, tena nyingi, kwa kuwa hapana aliyeziokota. Lakini zilikuwa zimelala chini, zimeloa mvua za vuli, na zilizokuwa kavu zimeliwa na mchwa. Wachumaji wakirudi jioni na njaa zao hawakuwa na kitu cha kuwashia moto. Siku ya tatu nikamkuta kijana mmoja amekata tawi bichi la mkarafuu mzima, lenye vikonyo, analitia chini ya sufuria. Nikamkaripia. Akaniambia kwa upole, "Bwana, ungetuwekea kavu tusingekata bichi." Sikuwa na jawabu.

Wali ukawa unaiva usiku wa manane. Watu waliochoka hawachambui, na wasiochambua usiku hawaaniki asubuhi. Karafuu zikakaa chunguni, yaani zimelundikwa pamoja, usiku mmoja, usiku wa pili. Mnajua wenyewe linalotokea: karafuu mbichi zikilundikwa hupata joto, huvunda, na zikianikwa baadaye hutoka nyeupe, nyepesi, zimenyauka. Mizigo yangu mingi ilishushwa daraja. Na katika miche yangu niliyoipanda pembeni, mchwa waliotoka katika yale magogo yaliyolala chini walikuwa wamekwisha kuingia.

Ndipo nilipoanza kuisoma habari ya kuni kama mtu anavyosoma khabari ya mali yake.

KUNI ZA MKARAFUU HUTOKA WAPI

Mkarafuu ni mti mgumu na mzito. Ukuni wake ukikauka hutoa moto mkali, na makaa yake hudumu. Mpishi yeyote wa Kipemba ataupokea kwa furaha. Lakini sisi wenye mashamba tukumbuke kuwa tita la kuni za mkarafuu lina maana mbili: jikoni ni neema, na shambani ni msiba, kwani kila gogo la mkarafuu lilikuwa mti uliokuwa ukizaa.

Misiba hiyo imetufika mara nyingi. Kimbunga cha Aprili 1872 kiliangusha sehemu kubwa ya mikarafuu ya Unguja, na Pemba ikasalimika, na tangu hapo ndipo kisiwa chetu kilipokamata nafasi ya kwanza katika zao hili. Baadaye yakaja maradhi tunayoyaita kufa ghafla. Katika miaka ya 1940 na 1950 yaliua mikarafuu mingi mno. Mti uliokuwa na afya huonekana umelegea, kisha majani hugeuka rangi ya kutu yakakauka yakiwa bado yaning'inia matawini. Wataalamu walioyachunguza walikuta kuwa ni kuvu inayoshambulia mizizi chini ya ardhi.

Yako na maradhi mengine, ya kukauka matawi kuanzia ncha kurudi chini. Haya nayo huletwa na kuvu, na njia yake ya kuingilia ni jeraha. Tawi lililovunjwa na mchumaji mwenye haraka, au lililokatwa kwa panga kwa ajili ya kuni, ni mlango uliowachwa wazi. Kwa hivyo yule kijana wangu aliyekata tawi lile bichi hakupoteza karafuu za mwaka ule tu. Alifungua mlango wa maradhi ya miaka ya mbele. Na aliyemlazimisha kuufungua ni mimi.

Mkarafuu huchukua miaka 6 hadi 8 tangu kupandwa hata kuanza kuzaa, na ukitunzwa huweza kuzaa umri wa mtu mzima na zaidi. Kuni zake, ukiukata, hazivuki miezi michache jikoni. Hesabu hiyo haihitaji mwalimu. Wala sheria za kwetu haziruhusu mkarafuu kukatwa ovyo. Hata ule uliokufa, yafaa kwanza kumwita bwana shamba autazame, ajue umekufa kwa maradhi gani, ndipo utiwe shoka.

KUCHANJA NI KAZI YA AKILI

Watu wengi hudhani kuchanja kuni ni nguvu tu. Nimewaona vijana wenye vifua vipana wakipigana na gogo asubuhi kutwa, na mzee mwembamba akaja akalifungua kwa mapigo matatu. Siri ni kulisoma gogo kabla ya kulipiga.

Kwanza, chanja mti ungali mbichi. Miti migumu hupasuka kwa wepesi zaidi kabla haijakauka. Ukiusubiri mkarafuu ukauke mzima, shoka litaruka.

Pili, katakata magogo kwa urefu wa mkono mmoja, yaani kutoka kisukusukuni hadi ncha ya kidole. Urefu huo watosha mafigani. Ukuni mrefu hutokeza nje ya jiko, ukamkwaza mpitaji, na mtoto akaanguka na chungu.

Tatu, simamisha gogo juu ya gogo jingine pana na lililolala sawa. Usichanje juu ya udongo, kwani shoka hushuka likala jiwe. Tazama kichwa cha gogo: kama una ufa, mti wenyewe umekuonyesha pa kupiga. Piga ndani ya ufa ule, na ukwepe vifundo vya matawi. Gogo kubwa usilianze katikati. Lianze kandokando, ulivue vipande kama mtu amenyavyo chungwa, kisha umalizie moyo wake. Gogo lenye vifundo vingi litiwe kabari, au liwachwe lipikiwe siku ya shughuli likiwa zima.

Nne, litazame shoka lenyewe kabla ya kulinyanyua. Mpini uliolegea umewaumiza watu wengi. Ukilegea, utie kabari kichwani. Usitosheke kulitosa shoka ndani ya maji, kwani mpini ukikauka utalegea tena. Tanua miguu, watoto wawe mbali, na usichanje ukiwa na hasira na mtu.

UKUNI MBICHI NI MAJI

Baba yangu alikuwa akisema kuwa mwenye kupikia kuni mbichi anapika vyungu viwili, cha wali na cha ukuni. Nilidhani ni mzaha. Sasa najua kuwa ni hesabu.

Mti mbichi, karibu nusu ya uzito wake huweza kuwa maji. Chukua kilo 10 za kuni mbichi: huenda kilo 5 ni maji. Maji yale hapana budi yachemke na kutoka kwa mvuke kabla ukuni haujawaka sawasawa. Na joto la kugeuza kilo moja ya maji yanayochemka kuwa mvuke, latosha kuchemsha kilo 7 za maji yaliyotoka mtungini. Basi joto linalopotea katika kukausha kuni zile motoni, lingaliweza kuchemsha kilo 35 za maji! Ndiyo maana mwenye kuni mbichi hupuliza hata macho yakamwiva, na wali bado.

Kuni zilizochanjwa na kuanikwa vizuri hushuka hata maji yakawa kama asilimia 15 au 20 tu. Kuchanja ndiko kunakoleta tofauti. Gogo zima limevaa gamba lake kama mtu aliyevaa koti la mvua, maji hayatoki. Ukilichanja, moyo wake hukutana na upepo.

Wakti mzuri wa kuchanja kwetu ni kaskazi, baina ya Januari na Februari, jua linapokuwa kali, ili masika yakiingia kuni ziwe zimekwisha kukauka na zimo ndani. Zipange juu ya mawe au juu ya magogo mawili, zisiguse ardhi, na pawe mbali na mikarafuu na mbali na ukuta wa nyumba, kwa sababu ya mchwa. Zifunike juu kwa makuti, pande ziwachwe wazi upepo upite. Kisha za kutumia wiki ile zipandishwe uchagani, juu ya meko. Ukitaka kujua kama zimekauka, chukua mbili uzigonganishe: kavu hulia, mbichi hunyamaza.

KILA KAZI NA UKUNI WAKE

Ukikaa na wapishi wetu wa zamani utajua kuwa hawakuita kila kipande "kuni" tu wakatosheka. Walizichagua kama fundi anavyochagua misumari.

Vibanzi vyembamba, vinavyobaki chini ya shoka, ni vya kuwashia moto na kwa vyakula vya moto wa haraka, kama chai au chapati. Kuni za unene wa mkono wa mtoto ni za wali na mchuzi, maana mpishi huweza kuzisogeza na kuzivuta, akiongeza na kupunguza moto. Makaa yake hutolewa yakawekwa juu ya kifuniko, wali ukapaliwa. Mkate wa kumimina nao hutaka moto juu na chini, na makaa ya ukuni mgumu ndiyo yanayofaa, kwa kuwa hayageuki majivu upesi. Kuni nene, zilizochanjwa mara moja tu, ni za boko boko, kunde na vyakula vinavyopikwa saa nyingi.

Halua ndiyo mtihani mkubwa. Ninyi wa Wete mnajua zaidi yangu. Wanga, sukari na samli huzungushwa kwa mwiko mkubwa saa nyingi bila ya kupumzika, na moto ukizidi halua huungua chini, ukipungua haishiki. Ndugu zetu wa Oman, ambako sanaa hii ina mizizi yake, tangu zamani husifu kuni za mti waitwao kwao samar, ambao ni jamii ya migunga, kwa kuwa moto wake ni mkali, wa sawasawa, na moshi wake ni mchache. Hapa petu watu hutumia ukuni mgumu uliopo, ilimradi uwe mkavu.

Tena kuna kuni za heshima, yaani zisizohesabiwa kwa fedha. Mwanamke akikaribia kujifungua, watu wa nyumba huanza kuweka kuni mapema, maana siku zake 40 atakandwa kwa maji ya moto na kupikiwa uji wa pilipili manga. Nyumba yenye mzazi ikikosa kuni, ni aibu ya mtaa mzima. Kukiwa na harusi, vijana hukusanyika siku moja kabla na mashoka yao wakachanja kuni za pilau, huku wakitaniana. Na asiyejua kuchanja hujifunza siku hiyo. Kukiwa na msiba, hapana anayealikwa. Mtu husikia kilio, akachukua shoka lake akenda. Mara nyingi kabla maiti hajaoshwa, kuni za kuwapikia waliokuja mazikoni zimekwisha kuchanjwa, na wenyewe hawajui ni nani aliyechanja.

CHOKAA NA MAKAA

Wako walaji wakubwa wa kuni ambao hawapiki chakula. Mmoja ni tanuu la chokaa. Kuta za Mji Mkongwe wa Unguja zilijengwa kwa mawe ya matumbawe na chokaa, na chokaa hiyo ilipikwa kwa kuni. Magogo hupangwa kwa duara, tabaka juu ya tabaka, katikati likawachwa tundu la kuwashia, na juu yake yakapakiwa mawe yaliyovunjwavunjwa. Moto huwashwa kutoka ndani. Jiwe hutaka joto la kiasi cha nyuzi 900 za Selsiasi ili ligeuke. Kisha hunyunyiziwa maji, likavunjika likawa unga mweupe. Tanuu moja hula kuni ambazo zingalipikia nyumba moja miezi mingi.

Wa pili ni tanuu la makaa. Mjini watu hupenda makaa kwa kuwa hayana moshi mwingi na ni mepesi kuchukua. Lakini kwa matanuu yetu ya udongo, kilo moja ya makaa huweza kula kilo 6 hadi 10 za kuni, na zaidi ya nusu ya joto la ule mti huishia hewani kabla makaa hayajafika jikoni. Kwa hivyo mwenye shamba akiambiwa, "Nipe mti wako uliokufa niuchome makaa tugawane," ajue kuwa anagawana kilichobaki. Na kama atakubali, tanuu lisiwe karibu na mikarafuu hata kidogo. Mizizi mingi ya mkarafuu inayolisha mti imo juu juu ya ardhi, nayo haistahimili moto. Tena majani makavu yaliyoanguka yana mafuta ndani yake. Cheche moja yatosha kuondoa kazi ya babu yako.

MITI MINGINE YA KUNI

Tusiutegemee mkarafuu. Mvinje ni bora sana: hukua upesi, hustahimili mchanga na upepo wa pwani, na ukuni wake huwaka vizuri mno. Mpera na mchungwa, wakti wa kupogolewa, hutoa kuni ndogo ndogo nzuri. Mwembe wafaa kwa kazi za kawaida. Mnazi mkongwe huwaka lakini hauna makaa ya kudumu; ulio bora kwake ni vifuu na makumbi, ambavyo ndivyo vinavyokaushia mbata. Msufi usijisumbue nao, kwani ni mwepesi, huwaka ukazimika.

Mikoko ndiyo iliyokuwa ikisifiwa kuliko yote, kwa moto wake mkali. Lakini mikoko ndiyo inayozuia bahari isile pwani yetu na ndimo samaki wanamolelea watoto wao. Sheria ya Misitu ya Zanzibar ya mwaka 1996 inailinda, pamoja na misitu kama Ngezi. Mwenye shamba mwenye akili atapanda mistari miwili ya mivinje kwenye mpaka wake. Itamzuilia upepo karafuu zake, na itampa kuni bila ya kugombana na mtu.

Tena khabari ya moshi isidharauliwe. Shirika la Afya Duniani lilikadiria kuwa watu milioni 3.2 walikufa mwaka 2020 kwa maradhi yaletwayo na moshi wa majumbani. Hawa ni mama zetu na watoto waliobebwa migongoni. Pemba iliunganishwa na umeme wa Tanga mwaka 2010, na mwaka 2024 Serikali ya Muungano ilizindua mkakati wa nishati safi ya kupikia. Mwenye uwezo wa gesi atumie gesi. Lakini katika mashamba mengi kuni bado zipo, na madhali zipo, ziwe kavu, jiko liwe na kuta za udongo za kushika joto, na jikoni pawe na tundu la kutokea moshi. Moshi mwingi ni dalili ya ukuni usioungua vyema, kwa hivyo mwenye kuchanja na kukausha huokoa kuni zake na mapafu ya mkewe kwa pamoja.

NILIVYOIFUNGUA NJIA

Msimu ule ulipokwisha nilikuwa na mikarafuu miwili iliyokufa, bwana shamba amekwisha kuitazama. Niliikata Januari mwaka 2012. Nikasikia kuwa mjukuu wa yule Bi Mkubwa ni mja mzito, amekaribia. Nikachukua shoka nikachanja siku tatu. Nilikuwa sijachanja kuni tangu utotoni, na mikono yangu ilitoka malengelenge. Nikazipakia garini, ng'ombe akavuta, nikazipeleka nyumbani kwake.

Alikuwa amekaa barazani anasuka ukili. Akazitazama, akanitazama mikono.

"Umechanja mwenyewe?"

"Nimechanja mwenyewe, Bi Mkubwa. Za mzazi."

Akachukua mbili, akazigonganisha. Hazikulia. "Mbichi hizi," akasema. "Lakini mpaka siku yake zitakuwa tayari. Zipange pale, upande wa jua. Usizilaze chini!"

Hayo ndiyo yaliyokuwa maneno yake yote. Siku ya pili niliondoa miba. Tukakubaliana, mimi na wanawake wa mtaa, kwa maneno tu kama zamani: kikavu kilichoanguka ni chao, kibichi hakiguswi, na katika kila mizigo mitatu, mmoja hubaki bandani kwangu kwa ajili ya wachumaji. Msimu uliofuata walikuja kupika na kuchambua. Wachumaji walikula kabla ya isha. Karafuu zilichambuliwa usiku ule ule, zikaanikwa asubuhi, na kwa siku nne tano za jua zilikuwa zimekauka, nyekundu za kupendeza. Hapana hata punje moja niliyoona imeibiwa. Na shamba likawa safi, mchwa hana anachokula.

Basi wanachama wenzangu, kabla ya msimu kufika, nawashauri haya:

1. Hesabu kuni za wachumaji wako kama unavyohesabu majamvi na magunia. Zichanjwe kaskazi, ziwekwe bandani.

2. Usiruhusu tawi bichi la mkarafuu kukatwa wala kuvunjwa kwa sababu yoyote ya jikoni.

3. Gogo la mti uliokufa lisilale shambani. Litolewe, lichanjwe, lipangwe mbali na miche.

4. Majivu usiyatupe, yana madini ya kufaa migomba. Lakini yapoe kwanza, na usiyalundike kwenye shina la mche mchanga.

5. Panda mivinje mpakani.

6. Kaa vizuri na wanaookota kuni. Wao ndio wanaokusafishia shamba, na ndio watakaokuchambulia karafuu.

Wazee wetu wana msemo kwamba ukuni ulio uchagani huucheka ulio motoni. Mwaka ule wa 2011 mimi ndiye niliyekuwa uchagani, nikicheka. Tena walisema kuwa figa moja haliinjiki chungu. Mwenye shamba ni figa moja, mchumaji ni la pili, na yule mwanamke mwenye kamba yake ya kuni ndiye la tatu. Ukimwondoa, chungu chako kitamwagika, hata bei iwe nzuri namna gani.